Ridhaa ya Marehemu Kondo

Mara ya tatu mtambo ulipokataa, ulikataa kwa adabu, kama mgeni aliyeshiba anayesukumiwa sahani. "Mchezo haukuweza kusasishwa," uliandika kwenye skrini. "Mchezaji mmoja hajatoa ridhaa. Tafadhali jaribu tena."

Nyanzala aliyasoma maneno hayo huku kiganja chake cha kushoto kikiwa juu ya kifua cha binti yake. Kifua kilipanda, kikasita, kikashuka. Kila kiliposita, naye pia aliacha kupumua.

Kabula alikuwa amelala kwenye kitanda cha wachezaji tangu jana mchana, kichwa chake kimefungwa kilemba cheupe chenye nyuzi laini kuliko utando wa buibui. Aliingia mchezoni kwa kazi wala si kwa anasa. Mama na binti, wote wawili walikuwa mafundi wa Nyumba ya Michezo ya Tabora, na kwa muda sasa wateja walikuwa wakilalamika kwamba lango la kutokea limekuwa zito: mtu akitaka kuamka, hubaki mlangoni akisubiri, leo kitambo kidogo, kesho kitambo kirefu zaidi. Nyumba ikafungwa. Kabula akasema ataingia mwenyewe, alikague lango kwa upande wa ndani. Akaingia, na lango halikumfungulia tena.

Kumvua kilemba kwa nguvu halikuwa jambo la kufikiriwa. Kila fundi alizijua habari za waliovuliwa. Mwili huamka, hula, hutembea mpaka sokoni na kurudi, lakini mwenyewe hayumo. Dawa ilikuwa moja tu, nayo ni toleo jipya la mchezo, lenye lango jipya. Toleo hilo lilikuwa limekwisha kupakuliwa. Lilichokataa ni kuingia.

Nyanzala alikuwa ameanza kama alivyofunzwa, kwa lililo jepesi. Aliizima seva, akaiacha ipoe, akaiwasha. Alipima nafasi katika hifadhi, akafuta mapambo ya zamani ili toleo jipya lipate pa kukaa. Alikagua mtandao kutoka mnarani hadi chumbani. Alilinganisha muhuri wa toleo na muhuri wa watengenezaji, isije ikawa amepokea kitu kilichoharibikia njiani. Kila alipogusa palikuwa sawa, na usawa huo ulimtisha kuliko hitilafu yoyote, kwani hitilafu humwonyesha fundi pa kushika.

Mzee Kapaya, fundi wa nyaya, alikuwa amejilaza chini ya meza. Miguu yake tu ndiyo iliyoonekana.

"Nyaya zote nzima, mwanangu," alisema kutoka huko. "Zimenishinda hata mimi kwa uzima. Goti langu hili limelegea tangu mwaka juzi, na hakuna aliyenitafutia toleo jipya."

Nyanzala hakucheka. "Mtambo unasema kuna mchezaji ambaye hajakubali."

"Si huyo Kabula? Amechoka, maskini. Atasemaje ndiyo na ulimi umelala?"

Hapa pana jambo la kueleweka. Vilemba vya kwanza vilipoletwa, watengenezaji walikuwa wakiubadilisha mchezo watu wakiwa ndani, na watu wakaamka wakikipenda wasichokipenda jana, na kuwachukia waliowazaa. Ndipo ikatungwa Sheria ya Ridhaa: mchezo hausasishwi mpaka kila aliyemo ndani aseme ndiyo kwa hiari yake, kwa kuwa kuugusa mchezo ni kuigusa akili iliyomo. Sheria hiyo ilitiwa ndani ya mtambo wenyewe, na mtambo hauhongeki wala hauna jamaa.

Nyanzala aliinamia kinasa sauti. "Kabula. Mwanangu, unanisikia? Sema ndiyo."

Sauti ilitoka kwenye spika, nyembamba, kama ya mtu anayesemea upande wa pili wa bomba. "Nimekwisha sema, mama. Tangu alfajiri nasema ndiyo. Fanya haraka. Miguu yangu siisikii."

"Kama si wewe, ni nani basi?"

"Tuko wawili huku," alisema Kabula.

Vitanda vingine vyote vilikuwa vitupu, mashuka yake yamekunjwa. Nyanzala alivitazama kimoja baada ya kingine, kama mtu anayehakikisha mlango alioufunga kwa mkono wake. Kisha akauuliza mtambo swali ambalo angeliuliza mwanzo kabisa, lau hofu isingekuwa imemwonyesha jibu moja tu, lile lililolala mbele yake. Aliuliza jina.

"Kondo Mwinshehe," mtambo ukaandika. "Yumo ndani. Hajatoa ridhaa."

Chini ya meza, kichwa kiligonga mbao. Mzee Kapaya akatoka akitambaa, akiwa amekishika kichwa, na safari hii hakuwa na mzaha mdomoni.

"Kondo nilimzika," alisema. "Kwa mikono hii. Nililala kaburini mwake nikagoma kutoka mpaka mliponitoa kwa kunipa jogoo."

* * *

Marehemu Kondo alikuwa Mzaramo aliyeletwa Tabora na kazi ya reli, akastaafu asiondoke. Kapaya ni Mnyamwezi. Kwa hiyo walikuwa watani, na katika ujirani wao wote hawakuwahi kupeana salamu isiyokuwa na tusi. Kondo alipofariki, Kapaya aliutimiza wajibu wa mtani bila kupunguza hata kimoja. Alilala kaburini. Aliiba ubwabwa jikoni mchana kweupe. Siku ya matanga alivaa koti la marehemu akamwigiza mbele ya waombolezaji: kikohozi chake kabla ya kusema uongo, mguu aliouburuta, namna alivyomwita kila mtu "abiria," hata shehe. Mjane alicheka nyuma ya kanga yake, na kicheko hicho ndicho kilichoyafungua machozi yaliyokuwa yamemgandia kifuani. Hiyo ndiyo kazi ya mtani tangu enzi na enzi, na mpaka hapo hapakuwa na kosa.

Kisha mtu mmoja akapaza sauti: "Mbona hujamwigiza mchezoni?" Watu wakapiga makofi, kwa maana uzeeni Kondo alikuwa mchezaji asiyeshindika. Kilemba chake kikaletwa, na Kapaya akakivaa.

Mtambo haumtambui mchezaji kwa sura. Humtambua kwa namna anavyosita, anavyokasirika, kinachomchekesha na kinachomtisha. Na kwa kila mmoja huweka kivuli chake, ili akirudi aendelee alipoachia. Kivuli cha Kondo kilikuwa kikingoja kufutwa, kwani taarifa ya kifo ilikuwa imekwisha kufika. Lakini hakuna amjuaye mtu kama mtani wake. Kapaya alisita kama Kondo, akakasirika kama Kondo, na mtambo ukamfungulia Kondo mlango. Baada ya kuchekesha vya kutosha, Kapaya alicheka kwa kicheko chake mwenyewe, akavua kilemba, akaenda kula.

"Aliingia Kondo," alisema Nyanzala polepole. "Akatoka Kapaya."

"Unasemaje?"

"Lango halijamwona Kondo akitoka. Tangu siku ya matanga linamngoja, linamshikia nafasi. Ndiyo maana limekuwa zito kwa kila mtu."

"Linamshikia nafasi mtu aliyeoza?"

"Linakishikia ulichokiacha wewe huko."

Mzee Kapaya alikaa juu ya kitanda kitupu.

* * *

Nyanzala alifungua njia ya sauti kwa jina la Kondo. Alikuwa amekusudia kuamuru kama fundi anavyoamuru mashine, lakini ulimi wake, uliolelewa vizuri, ulimtangulia.

"Shikamoo, Mzee Kondo."

"Marahaba, Mama Kabula."

Sauti ilikuwa safi, nzito, ya karibu mno. Ya Kabula ilikuwa imechoka kwa sababu mwili wake ulikuwa umechoka. Hii haikuwa na mwili wa kuichosha. Nyanzala alihisi jasho likimtiririka mgongoni ilhali kiyoyozi kilikuwa kikivuma.

"We Mzaramo!" Kapaya aliruka, akakishika kinasa sauti kama anayekaba koo. "Mla nazi wee! Umezoea vya bure mpaka umejipatia kaburi la pili la bure! Toka humo watoto wa watu wapite!"

Spika ikakohoa. "Nani huyo? Mnyamwezi? Nani amekuruhusu kuutua mzigo wangu kabla hatujafika pwani?"

"Mzigo wako nimeutia udongoni, abiria, nikaukanyaga!"

"Ndiyo maana mgongo unaniuma. Hata kuzika hujui."

Kwa kitambo kidogo chumba kilikuwa kama baraza ya nyumbani kwao zamani, na kona za midomo ya Kapaya zikaanza kupanda. Akaendelea, akiwa amepata nguvu: "Mwoga mkubwa! Wenzako wamekufa mara moja wakanyamaza. Wewe unang'ang'ania mlango kama kupe. Sema ndiyo, uende zako!"

"Mtani," sauti ilisema. "Leo usinitanie. Naogopa kweli."

Mtu ambaye hakuwahi kukosa neno hata makaburini alirudisha kinasa sauti mezani, taratibu, kama kitu kinachoweza kuvunjika.

Nyanzala akavuta kiti. Alijua kwamba uongo ungefaa. Angesema, toleo jipya lina nafasi yako, Mzee Kondo, lala tu kidogo. Naye angesema ndiyo, na yote yangekwisha kabla chai haijapoa. Aliuweka uongo huo ulimini, akauonja, na ladha yake ikamchukiza.

"Mzee Kondo, toleo jipya halimweki asiye na mwili," alisema. "Ukikubali, hutakuwepo tena."

"Nalijua hilo. Sikuwa mpumbavu, abiria."

"Na unajua kwamba wewe... kwamba Mzee Kondo alikwisha..."

"Kondo amezikwa. Nalijua hilo pia. Mnyamwezi huyu amenitengeneza kwa kikohozi na kiburi, kama mtoto anavyofinyanga ng'ombe wa udongo. Lakini nieleze wewe uliyesoma: Kondo amekufa na haogopi chochote. Hofu hii niliyonayo ni ya nani?"

Nyanzala aligeuka. Alitazama kifua cha Kabula. Kilipanda, kikasita, na kusita huko kulikuwa kurefu kuliko kwa asubuhi.

"Mwanangu anakufa, mzee wangu."

"Namwona. Yuko hapa kando yangu." Sauti ilishuka. "Kama nguvu unazo, na najua unazo, basi niondoe. Sitakulaani. Lakini usinitake nikusaidie kwa kusema ndiyo. Neno hilo tu ndilo langu mwenyewe. Mengine yote nimeazimwa."

* * *

Alikuwa na nguvu, naam. Mtambo ulikuwa umezitandaza mbele yake zamani, chini kabisa ya skrini, kwa herufi ndogo, ukimngoja aone haja ya kuinamisha macho.

"Fundi mkuu anaruhusiwa kuthibitisha kwamba aliyebaki ndani si mtu, bali ni kivuli. Akithibitisha, kivuli kitaondolewa. Akisema ni mtu, itahitajika ridhaa yake, au hukumu ya Baraza la Ridhaa. Je, Kondo Mwinshehe ni mtu?"

Baraza lilikaa Dodoma, na kesi moja ililichukua majuma. Kabula hakuwa na hata siku. Midomo yake ilikuwa imeanza kuwa na rangi ya majivu.

"Mimi ndiye niliyemleta," alisema Kapaya. "Nijibu mimi."

"Hautaki sauti yako. Unaitaka yangu."

"Basi utasemaje, mwanangu?"

Nyanzala aliikazia macho skrini. Alikuwa akijishawishi. Alijiambia kwamba kivuli ni hesabu zilizopangwa. Kwamba kasuku naye hulia msiba bila kufiwa. Kwamba maiti ana haki zake nazo zote alikwisha kupewa, sanda na sala na udongo. Kila hoja ilikuwa nzuri. Kila hoja ilifika mpaka kwenye ile sauti iliyosema naogopa, ikageuka ikarudi ilikotoka. Aliogopa kujibu, na aliogopa zaidi kwamba atajibu.

Kifua kilisita. Hakikupanda.

"Hapana!" alipiga kelele. "Si mtu! Hapana!"

Alidhani mtambo ungempinga. Alidhani ungemuuliza tena, kama unavyomuuliza mtu anayefuta picha ya harusi, una hakika? Haukuuliza. "Asante," uliandika. Kwenye spika, ambayo hakuna aliyekumbuka kuizima, palisikika mtu akivuta pumzi ya kutaka kusema neno, na neno halikuja.

Kifua cha Kabula kikapanda. Mstari wa kijani ukaanza kutambaa kwenye skrini, toleo jipya likiingia. Mzee Kapaya alikuwa ameugeukia ukuta. Nyanzala aliushika mkono wa binti yake, akaanza kumshukuru Mungu kwa sauti ya chini, akihesabu mstari ulivyosogea: robo, nusu.

Kwenye nusu, mstari ukasimama.

"Mchezo haukuweza kusasishwa. Mchezaji mmoja ameondoa ridhaa yake. Kabula Maganga. Je, Kabula Maganga ni mtu?"

Nyanzala alilisoma swali, akalisoma tena, na baridi iliyomwingia haikutoka kwenye kiyoyozi.

"Ndiyo!" alisema. "Ndiyo, ni mtu, ni mwanangu!"

"Basi ridhaa yake inahitajika," mtambo ukajibu.

"Kabula! Mwanangu, unafanya nini? Sema ndiyo, lango linafunguka!"

Sauti ilitoka mbali mno. "Alikuwa ameushika mkono wangu. Giza lilipoingia, yeye ndiye aliyenihesabia pumzi ili nisisahau kuvuta. Tulikuwa tunasikia yote, mama. Ulisema hapana, na mkono ukawa haupo."

"Nilikuwa nakuokoa wewe."

"Najua."

"Utakufa, Kabula!"

"Na mimi naogopa. Lakini niko huku kama alivyokuwa yeye. Sauti tu kwenye spika. Umejuaje kwamba mimi ni mtu?"

"Kwa sababu nimekuzaa!"

"Na ambaye hukumzaa?"

Mzee Kapaya alikuwa amegeuka. Alimtazama Nyanzala, na machozi yalikuwa yakifuata mikunjo ya uso wake bila yeye kuyapangusa. Nyanzala aliangalia kitanda, kisha skrini. Alijua vema kitakachofuata akilibadilisha jibu lake. Sheria aliifundisha mwenyewe kwa mafundi wapya: amwondoaye mtu bila ridhaa yake hashiki tena mtambo, na Baraza humhukumu kama yeyote aliyemwaga damu. Kwa neno lake la kwanza alikuwa amemwondoa Kondo na kujiokoa yeye. Kwa la pili angejitia kitanzini, na hata hivyo Kondo asingerudi. Halikuwa na faida kwa yeyote, ila kwamba lilikuwa kweli, na kwamba msichana aliyelala pale hakutaka kuamka mahali lisipokuwepo.

"Alikuwa mtu," alisema.

"Sema na mtambo, mama. Usiseme na mimi."

Nyanzala alisimama, kama walivyosimamishwa zamani darasani kujibu swali. "Nabadilisha jibu langu," alisema, kwa sauti iliyomshangaza mwenyewe kwa kutotetemeka. "Kondo Mwinshehe alikuwa mtu. Nililijua hilo nilipokuwa nikisema hapana."

Mtambo ulifikiri, au ulifanya kile ambacho mitambo hufanya mahali pa kufikiri. "Jibu la awali limebatilishwa. Mtu ameondolewa bila ridhaa yake. Taarifa imepelekwa Barazani."

Kitambo kikapita, na kitambo hicho kilikuwa kirefu kuliko usiku. Kisha spika, kwa sauti ya Kabula anayeishiwa pumzi, ikasema: "Ndiyo."

Mstari ukatambaa mpaka mwisho. Lango likafunguka. Kilemba kikalegea chenyewe, na Kabula akakohoa, akafumbua macho, akaanza kulia kama wanavyolia waliozaliwa, bila aibu na bila kujua pa kuweka mikono. Nyanzala akamwinua, akamwegemeza begani, akamshikia bilauri ya maji mdomoni. Binti hakumsukuma. Hakumkumbatia pia.

Mzee Kapaya alivua viatu vyake, akavipanga mlangoni. Alikaa chini kwenye sakafu tupu, miguu ameinyoosha kama wakaavyo matangani, na kwa mara ya kwanza alimlilia mtani wake bila utani wowote.

Simu ya Baraza ikaanza kuita. Nyanzala aliiacha iite mpaka Kabula alipoyamaliza maji, kisha akaipokea.